Mackinnon Road, mji unaojaa na kupungua kwa amri ya wengine

Ukimwambia mtu wa Mombasa kwenu ni Mackinnon Road atakuuliza maswali mawili, "pale kwa msikiti?" na "kwani huko kuna watu?" La kwanza jibu lake rahisi, ndio, pale pale. La pili ndo limenifanya nikae chini niandike hii, manake watu wapo na walikuwepo kabla ya huo msikiti na kabla ya hiyo reli, ila hesabu yao haijawahi kutulia. Kuna miaka mji ulikuwa na maelfu ya watu, halafu ghafla ukabaki na stesheni masta, wafanyakazi wa gengi la kutunza njia ya reli na mbuzi. Na kila mara ulipojaa ni kwa sababu kuna mtu mbali sana, London ama Nairobi, aliandika barua. Hiyo ndo hoja yangu ya leo, mengine yote nitayapita nikiielekea.

Kwa wasiopajua, Mackinnon iko barabara kuu ya Mombasa kwenda Nairobi, kama kilomita 90 hivi ukitoka kisiwani. Umeshapita Mazeras, Mariakani, Maji ya Chumvi, Samburu (Samburu yetu ya Kwale, sio ile ya kule kaskazini jamani), Taru, halafu ndo Mackinnon. Mbele yako ni Maungu na Voi. Reli ya zamani na lami zimekwenda sambamba hapo, ukiwa ndani ya basi unaiona stesheni, unaona msikiti, unaona vibanda na trela zimepangana kando ya njia, dakika mbili umeshapita. Wengi hawashuki. Na wakishuka ni kuswali, kunywa chai ama kujisaidia, halafu konda anapiga bodi haya twende twende.

Wenyeji wa ile nyika ni Waduruma, mojawapo ya yale makabila tisa ya Mijikenda. Wenzetu Wagiriama, Warabai na Wadigo wanapenda kutucheka kwamba sisi tumejichagulia upande wa miiba wao wakabaki na minazi. Sawa, lakini ng'ombe hawali nazi. Waduruma ni watu wa mifugo na mahindi ya kubahatisha mvua, na upande wa juu unakutana na Wataita, halafu Wakamba wamekuwa wakipita na kukaa tangu enzi za misafara ya pembe. Kwa hiyo ukisoma vitabu vya zamani vya wazungu vinavyosema ile "jangwa la Taru" ilikuwa tupu, jua tu aliyeandika alipita barabarani kama wewe na basi lako. Si jangwa la mchanga hata, ni kichaka kizito cha miiba, na kulikuwa na mtu nyuma ya kichaka anamwangalia. Shida yake ni moja tu, maji. Pale Taru kuna mashimo ya mawe yanayoshika maji ya mvua, ngurunga zile, na misafara ya Waswahili ilikuwa inapanga safari yake yote kwa kuuliza kama ngurunga zina maji ama zimekauka. Zimekauka, watu wanatembea usiku kucha hadi mbele. Mto hakuna. Hilo la maji ulishike, litarudi.

Sasa jina. Watu wanadhani Mackinnon alikuwa injinia wa reli. Hapana. William Mackinnon alikuwa tajiri wa meli wa Scotland, ndo mwenyekiti wa ile kampuni ya Waingereza ya IBEA iliyopewa hati na malkia mwaka 1888 ijiendeshee Afrika Mashariki kama duka. Mwaka 1890 wakaanza kufyeka barabara ya mkokoteni wa ng'ombe kutoka pwani kuelekea Kibwezi, ikaitwa barabara ya Mackinnon, na baadae Kapteni Sclater akaiendeleza hadi mpaka wa Uganda ndo unaona vitabuni imeandikwa Mackinnon-Sclater. Barabara yenyewe haikufaidi sana, ng'ombe wa kukokota walikuwa wanakufa kwa ndorobo. Mackinnon mwenyewe akafariki 1893, kampuni ikafilisika, serikali ya Uingereza ikaichukua nchi 1895. Halafu reli ilipofika pale inapokutana na ile barabara, wakahitaji jina la stesheni, wakaandika Mackinnon Road. Yaani tuna mji wa reli unaoitwa barabara. Hakuna aliyeenda kwa wazee wa Kiduruma kuuliza hapa mwapaitaje, na leo hata mimi nikipigiwa simu nasema niko Mackinnon.

Reli yenyewe nitaipita haraka sababu kila mtu keshaisoma shuleni. Ilianza Mombasa 1896, ikafika Nairobi katikati ya 1899, ikamaliza Kisumu mwisho wa 1901. Wahindi zaidi ya elfu 31 waliletwa kwa mkataba, karibu 2,500 wakafia njiani, na kama 6,700 hivi wakaamua kubaki baada ya kazi. Watu wakisikia reli na nyika wanakimbilia wale simba wa Tsavo wa 1898, nami huwa nasema wale simba si wetu, wale ni wa kule mtoni mbele ya Voi, na hata huko hawapo tena wako Chicago makumbusho wamejazwa pamba. Kwetu sisi kilichoua ni miiba, homa na kiu. Hakukuwa na tone la maji, ikabidi maji yapakiwe kwenye treni kutoka nyuma yapelekwe mbele kwa wanaotandika, na ile treni ikichelewa kambi nzima inasimama. Kwa hiyo wa kwanza kuujaza huu mji, kama ulikuwa mji, ni kambi ya Wapunjabi na Waswahili na Wanyamwezi wachukuzi wakisubiri treni ya maji. Wakatandika, wakasonga. Nyuma wakaacha stesheni na kaburi.

Na hapa lazima nikae kidogo.

Kaburi ni la Sayyid Baghali Shah, wenyewe wanamwita Pir Padree. Kisa kinavyosimuliwa, alikuwa msimamizi wa vibarua kwenye ujenzi wa reli, mtu wa dini, na wenzake wakaanza kuona mambo. Lile karai la mawe ama mchanga alilobebeshwa lilikuwa haligusi kichwa chake, linaelea juu kidogo, yeye anatembea nalo hivyo hivyo. Wanasema pia hata wanyama wa porini walikuwa wanamsogelea bila kumdhuru. Alipofariki akazikwa pale pale kando ya reli, na baadae ukajengwa msikiti ambao leo ndo alama ya mji, mkubwa kuliko kitu kingine chochote hapo na umekaa jirani na njia ya treni kabisa. Mimi sitaki kubishana na mtu kuhusu karai. Ninachokijua ni kwamba kibarua aliyevuka bahari kuja kubeba mawe ndo mtu pekee wa ile reli ambaye watu wanasimamisha gari kwa ajili yake mpaka leo. Whitehouse aliyekuwa injinia mkuu hakuna anayemsimamia popote. Na wanaosimama si Waislamu peke yao, Wahindu na Makalasinga nao wanashuka, wanavua viatu, wanaweka sadaka, wanaomba safari njema, dereva wa trela anayetoka Mombasa kwenda Kampala ama Kigali anaingia dakika tano anatoka. Huo msikiti umelisha watu wengi kuliko stesheni, wenye vibanda vya chai wanajua.

Turudi kwa hesabu. Reli ikishamalizwa, stesheni ndogo kama hii inabaki na watu wa kuhesabu kwa vidole. Stesheni masta, enzi hizo mara nyingi Mhindi. Karani. Watu wa pointi za kubadilisha njia na wa ishara za treni. Halafu gengi, wale wa kutembea na njia kila siku na nyundo na spana, kukaza misumari, kubadilisha mataruma, kujaza kokoto, kila gengi na maili zake. Wengi wa wafanyakazi wa reli walikuwa wanatoka mbali, Nyanza na Magharibi, ndo maana hadi leo kwenye hizi stesheni za nyika utakuta familia inaongea Kijaluo nyumbani, Kiduruma dukani na Kiswahili cha Mombasa barabarani. Kota zao za mawe zilijengwa kwa mpangilio ule ule kuanzia pwani mpaka ziwani, ukiijua moja unazijua zote. Na Mwarabu ama Muhindi mmoja wa duka. Hao ndo "idadi ya watu" kwenye karatasi za serikali. Boma za Waduruma zilizo maili mbili ndani hazikuingia kwenye picha, ila maziwa yaliyokuwa yanauzwa stesheni yalitoka huko.

Marehemu tsawe wangu, babu kwa nyie mlio mbali na Kiduruma, alikuwa akisema walipokuwa vijana saa walikuwa wanaijua kwa treni. Nikamuuliza, "Sasa tsawe, na treni ikichelewa?" Akanijibu, "Basi na sie tulichelewa, mjukuu wangu, nani alikuwa na haraka?"

Amri ya kwanza kubwa ilikuja na vita. Mwaka 1942 Wajapani walipowasukuma Waingereza kutoka bahari ya mashariki, meli za kivita zao zikakimbilia Kilindini, na meli za ndege zinataka kiwanja cha ndege nchi kavu. Wakatazama ramani, wapi kuna tambarare, wapi kuna reli, wapi hakuna mtu wa kulalamika. Mackinnon. Ndege za jeshi la majini zikawa zinatua nyikani, mafundi wa Kizungu wakalala kwenye mahema penye ndovu. Vita ikaisha wakaondoka, mji ukapumua.

Haukupumua sana. 1947 ndo mwaka wa maajabu. India inapata uhuru, Palestina inawashinda, Misri inawaambia ondokeni kwenye mfereji, sasa jeshi la Waingereza lina mlima wa vifaa, magari, mabomba, viatu, mabomu, haijui ipeleke wapi. London wakaamua ghala kubwa la jeshi la mashariki yote lijengwe... Mackinnon Road. Nawaza yule ofisa aliyeweka kidole kwenye ramani kama alishawahi kukaa Taru mwezi wa pili. Wakaleta maelfu ya vibarua kutoka kila kona ya nchi, wakaleta askari, zikapanda nyumba za mabati, magodauni, matangi, njia za reli za kuingilia, taa za umeme. Mji ambao jana ulikuwa na duka moja ukawa na maelfu ya watu wanaotaka kula, kunywa, kunyolewa na kutuma barua. Tena kumbuka ni mwaka ule ule ambao Mombasa Januari iligoma nzima, bandari, reli, mahoteli, kwa sababu mishahara haikutosha kula, kwa hiyo vijana waliofuata kazi Mackinnon walikuwa na sababu. Ugali wa kambi ulikuwa wa uhakika angalau.

Na maji? Hapo sasa. Huwezi kuweka jeshi mahali ambapo ngurunga inakauka. Maji yakaendelea kuwa gharama na hesabu za London zikazidi kuharibika, fedha zenyewe baada ya vita hazipo, na mpaka miaka ya hamsini inaanza mradi ukawa umeachwa. Hivi hivi tu. Vibarua wakalipwa wakarudi makwao, mabati yakabaki yanapiga kelele upepo ukivuma. Watu wanapenda kuusimulia ule mradi wa karanga wa Kongwa kule Tanganyika kama mfano wa Waingereza kupoteza pesa vichakani, na ni kweli, lakini sisi tulikuwa na wetu miaka ile ile, tena wetu hata karanga moja haukutoa.

Sijui kama kuna kitu kibaya zaidi kuliko majengo matupu yenye uzio mbele ya serikali iliyoshikwa na hofu. Oktoba 1952 hali ya hatari ikatangazwa kwa sababu ya Mau Mau, na tarehe 24 Aprili 1954 asubuhi Nairobi ikazingirwa, ile Operesheni Anvil, askari nyumba kwa nyumba wakiwatoa Wakikuyu, Waembu na Wameru kwa makumi ya maelfu. Wakapangwa, wakapakiwa kwenye treni, madirisha yamefungwa, zikashuka nayo reli hii hii mpaka Manyani na Mackinnon Road. Kambi mbili kubwa za kupokelea, zote mbili stesheni za nyikani, na si kwa bahati. Reli inakuletea mtu, nyika inakulindia. Ukitoroka unaenda wapi, kichakani kuna miiba, simba na kiu, na mwenyeji lugha yako haijui.

Kwa hiyo mwaka 1954 wakaazi wengi wa Mackinnon Road walikuwa watu waliozaliwa Nyeri, Murang'a, Kiambu, ambao hawakuchagua kuja, wanachujwa na maofisa kwa rangi, weupe wa kurudishwa, wa kijivu wa kufanyishwa kazi, weusi wa kufungiwa mbali. Pale pale kwenye ardhi ya lile ghala. Tsawe alikuwa anasema usiku nyika yote giza ila kule kwenye kambi taa zinawaka mpaka asubuhi, na wachungaji walikatazwa kupitisha ng'ombe karibu na waya. Hakuwa akisema zaidi ya hapo. Nimewahi kukutana na jamaa wa Karatina, tukajuana, nikamwambia mimi kwetu Mackinnon, akanyamaza kidogo akaniambia "guka wangu alikaa huko". Tukacheka kidogo halafu tukaacha kucheka. Huyo babu yake na babu yangu waliishi mji mmoja mwaka mmoja na hawangeweza kusalimiana.

Baadae kambi ikafungwa, watu wakahamishiwa kambi nyingine na wengine wakarudishwa, na mji ukapungua tena. Usitafute mnara wala kibao, hakuna kilichowekwa kinacholingana na yaliyotendeka pale. Nadhani Manyani inakumbukwa zaidi sababu ilibaki gereza na jina lake halikufa. Sisi wasafiri wanatukumbuka kwa karai linaloelea, na kwa kweli ukiniuliza, vyote viwili vinastahili kukumbukwa.

Miaka hiyo hiyo ya hamsini ndo kitu kimoja cha maana kikapita bila mtu kupiga mbiu, bomba la Mzima. Maji kutoka chemchemi za Mzima kule Tsavo Magharibi, kilomita zaidi ya 200 mpaka Mombasa, likifuata barabara na reli. Lilijengwa kwa ajili ya Mombasa, tusidanganyane, lakini bomba likipita penye kiu mtu hapiti akaliangalia tu. Ukiniuliza mimi kwa nini mji haukufa kabisa baada ya kambi nitasema bomba kabla sijasema reli. Hata hivi leo shida ya maji haijaisha, kiosk ikikauka unaona madumu ya lita ishirini yamepanga foleni tangu alfajiri na mikokoteni ya punda inatafuta maji mbali, huku chini ya miguu yao maji yanakwenda Mombasa. Hiyo inaudhi.

Reli yenyewe ilianza kutuacha taratibu. Injini za mvuke, zile Garratt kubwa za aina ya 59 zenye majina ya milima, zilikuwa 34 na zilikuwa zinakunywa maji na kula mafuta mazito kama hazina mwenyewe, na injini ya namna hiyo haiwezi kupita nyika bila kusimama kwenye tangi, na ikisimama kuna mtu wa kuihudumia, na mtu wa kuihudumia ana mke ana watoto, watoto wanataka shule. Zikaja za dizeli. Dizeli haina kiu, inapita. Jumuiya ya Afrika Mashariki ikavunjika 1977, shirika la reli likagawanywa, Kenya Railways ikazaliwa mwaka uliofuata, na kila mpango mpya ulikuja na kupunguza wafanyakazi, gengi ikawa nusu gengi, kota zikaanza kuvuja. 2006 ikaja kampuni iliyokodishiwa reli, ikaondoka 2017. Mara treni ya abiria ni kila usiku, mara siku tatu kwa wiki, mara imechelewa masaa saba. Mwisho Aprili 2017 ile treni ya usiku ya reli ya zamani ikapita mara ya mwisho, na mwezi uliofuata tarehe 31 Madaraka Express, treni ya reli mpya ya SGR, ikazinduliwa.

SGR imepita kwetu pia, unaiona, tuta refu limekaa juu kama ukuta. Ila haisimami. Stesheni zake za njiani ni Mariakani, halafu Miasenyi, halafu Voi na kuendelea. Mariakani tumeipita nyuma, Miasenyi iko mbele. Miji ilizaliwa na reli, reli imezaliwa upya, imewaruka. Ukitaka kupanda treni leo mtu wa Mackinnon unatafuta matatu kwanza.

Lakini sasa msinihurumie haraka, sababu mji haujapungua, umeongezeka. Barabara ilipotiwa lami miaka ya sitini ndo kazi ya stesheni ikahamia upande wa pili wa njia, mita chache tu. Wa siku hizi ni watu wa trela. Mekanika, wa pancha, wa kuuza spea, mama wa chapati na maharagwe, wa mahamri na mbaazi, lojing'i za shilingi mia chache, muguka, M-Pesa, kinyozi, makaa ya gunia kando ya njia. Vijana wa Kiduruma waliokuwa wachungaji wakawa watanboi, tanboi akawa dereva, dereva akajenga nyumba ya mawe. Wamekuja Wakamba, Wasomali wenye mifugo na maduka, Wataita, Wakikuyu wa mahoteli (safari hii kwa hiari yao). Ukikaa jioni pale steji unasikia lugha nyingi kuliko za sokoni Kongowea.

Na hata huu mji wa trela nao uko chini ya barua ya mtu. 2019 ikatoka amri kontena zote za bara zipande SGR kutoka bandarini. Mombasa waliandamana kila Jumatatu, tuliwaona kwa tivi, lakini nani alizungumzia Mackinnon, Maungu, Mtito? Trela zilipungua barabarani, na trela moja isiyosimama ni sahani mbili za chakula, chai, kitanda, pancha moja na bundle ya simu. Vibanda vikafungwa safu nzima. Halafu Covid ikaja juu yake, madereva wanapimwa na kukaa foleni na kuogopwa kama wao ndo ugonjwa. Waliokuwa wamehama kutoka vijijini kuja barabarani wakarudi vijijini, na huko nako ukame wa 2021 na 2022 ulikuwa unamaliza ng'ombe. Hapo ndo kulikuwa hakuna mahali pa kurudi. Septemba 2022 rais mpya siku ile ile ya kuapishwa akasema mizigo irudi kupitishiwa forodha Mombasa, na kidogo kidogo trela zikaanza kulala tena.

Baada ya yote hayo ungedhani hakuna anayeitaka Mackinnon. La hasha, kaunti mbili zinaigombania. Kwenye karatasi ni wadi ya Kwale, eneo bunge la Kinango, lakini Taita Taveta wanasema mpaka wa zamani unawapa wao, na viongozi wa pande zote wamekuwa wakirushiana maneno, mara huyu ameweka maofisa wa kukusanya ushuru, mara yule amewafukuza. Kwale ilihesabiwa watu 866,820 mwaka 2019, Taita Taveta 340,671, kwa hiyo naelewa nani ana hamu zaidi ya kuongeza watu. Ila kinachogombaniwa ni ushuru wa trela na ardhi, tusifichane. Sijaona wakigombania nani ajaze madumu ya maji. Mfanyabiashara mmoja wa pale nilimuuliza, "Mama, wewe unajihesabu wapi, Kwale ama Taita?" Akaniambia, "Mwanangu, anayekuja na risiti wote nawalipa, niulize swali jingine."

Kuhesabu kwenyewe ni kichekesho. Sensa yetu inamhesabu mtu pale alipolala usiku wa sensa, ule wa 2019 ulikuwa wa tarehe 24 Agosti kuamkia 25. Makarani walipita mahotelini, lojing'i, steji, mpaka kwa wasafiri. Maana yake dereva wa Eldoret aliyelala ndani ya trela yake Mackinnon usiku ule, kwenye vitabu vya serikali ni mtu wa Mackinnon. Na kijana wa Mackinnon aliyekuwa na tanboi wenzake Malaba, huyo amehesabiwa Busia. Kuna watu wanaona hiyo ni kasoro ya takwimu, mimi naona kwa mji huu ni takwimu sahihi kabisa, haujawahi kuhesabiwa kwa njia nyingine. Sensa ijayo ni 2029. Kama utakuwa njiani usiku huo na usingizi ukushike, egesha pale karibu na msikiti, chai ipo, na sisi tutapata mtu mmoja zaidi wa kudaia maji.